Reggie Watts: mwanamuziki anayechekesha, au mchekeshaji anayeimba?

Mpenda Vichekesho:
Habari zenu wanajukwaa. Jana nilitazama onyesho alilolifanya Reggie Watts, yule Mmarekani mwenye nywele za timutimu, katika mkutano wa TED, ule wa hotuba fupi za mawazo mapya, mwaka 2012. Alianza kwa uzito wa mhadhiri, akawa anabadili lafudhi huku maneno yake yakizidi kukosa maana, na watu ukumbini wasijue wacheke wapi. Kisha akaimba, tena vizuri mno. Naomba mwenye kuifahamu safari yake anieleze kilichotangulia kati ya muziki na uchekeshaji.

Fidla Kuukuu:
Muziki ulitangulia, ndugu yangu, tena kwa miaka mingi. Watts alizaliwa Stuttgart, Ujerumani, mwaka 1972, mama yake akiwa Mfaransa na baba yake Mmarekani mweusi aliyetumikia jeshi la anga. Alikulia Great Falls, Montana, akajifunza piano na fidla tangu utotoni, kisha akahamia Seattle, ambako alikuwa mwimbaji wa bendi iliyoitwa Maktub. Jina hilo ni la Kiarabu, maana yake "imeandikwa", na shina lake ndilo lililotupatia maktaba na mkataba. Alipohamia New York ndipo vichekesho vilipomchukua hasa.

Fundi Mitambo:
Naongezea kuhusu kile kifaa kilicho mbele yake, kwa sababu ndicho kinachobeba kazi nzima. Hupiga mdundo kwa mdomo, akabonyeza kitufe, na mdundo ukaanza kujirudia wenyewe. Juu yake huweka besi, kisha sauti ya pili na ya tatu, mpaka mtu mmoja akasikika kama kwaya. Haji na wimbo alioutunga nyumbani, bali hubuni papo hapo. Masikio yetu yakishaupokea muziki mtamu, tunategemea maneno mazito ya mapenzi au huzuni, naye anatupa upuuzi mtupu kwa sauti ya mtu anayelia msibani. Hapo ndipo kicheko kinapozaliwa.

Mkosoaji wa Pwani:
Nakubali, ila kwa maoni yangu televisheni ilimbana. Mwaka 2010 alimtangulia jukwaani Conan O'Brien, mchekeshaji na mtangazaji wa Marekani, katika ziara ya Conan, na huko Watts alipata nafasi ya kutanua mbawa. Kuanzia 2015 hadi 2023 aliongoza bendi ya kipindi cha usiku cha televisheni cha Mwingereza James Corden, kazi ya heshima bila shaka, lakini mtu anayehitaji dakika kumi kujenga wimbo kutoka pumzi ya kwanza alikuwa akipewa sekunde chache kabla ya matangazo.

Fidla Kuukuu:
Usisahau kwamba katika kipindi hichohicho alikuwa na nafasi ya kuwauliza wageni swali lake, na mara nyingi lilikuwa swali la ajabu lililowaacha wameduwaa. Hizo sekunde chache alizitumia.

Mpenda Vichekesho:
Ahsanteni sana. Nimeirudia video nikiufuata mkono wake badala ya uso, na kweli, kila anapokigusa kile kitufe, sauti nyingine inaingia.