Harufu hatari kwenye riwaya yangu ya Dodoma: leseni, marufuku au uvundo wa onyo?

KikuyuKusini
Wakuu, habari za jioni.

Naandika riwaya ya kubuni. Mji ni Dodoma hii hii, na Majengo yake, Nyerere Square na vumbi la Septemba, ila humo kuna harufu zinazotawala watu. Mbaya kuliko zote nimeiita sandali jeusi. Ukiivuta, kwa robo saa unakubali chochote unachoambiwa. Kwa mji wa viwanja kama wetu, balaa lake mnaliona.

Nimekwama kwenye sheria. Nisaidieni kulinganisha:

A. Leseni. Muuzaji anasajiliwa na kila chupa inaandikwa kwenye daftari, kama dawa za cheti.
B. Marufuku. Ukikutwa nayo, jela.
C. Kila harufu hatari itiwe uvundo, pua ishtuke kabla akili haijalegea.

Mimi naegemea C.

FundiGesi
Hiyo C wala hujaibuni mkuu, tunaishi nayo jikoni. Gesi ya mtungi yenyewe haina harufu. Ule uvundo unaousikia mpira ukivuja ni kemikali za jamii ya mekaptani, zinatiwa makusudi, tena kidogo sana. Uzuri wake ni kwamba kila mwenye pua anakuwa mkaguzi bila mshahara. Ila anayetia ni kampuni inayotaka wateja wake wabaki hai. Tapeli wako atatia uvundo kwenye sandali lake kwa faida gani?

MamaChetezo
Nauza udi na ubani, mwaka wa kumi na kitu sasa. Pua huchoka, mwanangu. Asubuhi nikifungua duka nasikia kila mfuko na harufu yake. Ikifika saa nne sisikii hata mmoja, mpaka mteja aingie aseme "Mama, leo kumenukia!" Onyo lako litamfaa anayepita njia, aliyekaa dukani halitamsaidia kitu.

Na B ndiyo itatumaliza sisi wa halali. Askari atajuaje huu ni ubani na lile ni sandali jeusi? Atabeba vyote na chetezo juu. Mimi A.

MzeeWaKondoa
Kwenye A na B msandali wa kweli una la kuwafundisha. Mafuta yake yako kwenye mzizi na kiini cha shina, kwa hiyo wavunaji wanang'oa mti mzima. Kenya walipiga marufuku uvunaji mwaka 2007, magendo yakaendelea. Mwaka 2013 msandali wa Afrika Mashariki ukaingizwa kwenye orodha ya pili ya CITES, ule mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea ya porini iliyo hatarini. Orodha hiyo haizuii biashara, inadai vibali. Yaani penye mti halisi, dunia ilienda na A. Na vibali navyo vinaghushiwa, usisahau kuandika.

Maabara_Kisasa
Shikamoo Mzee. Naongezea kwenye C. Haidrojeni salfaidi inanuka yai viza, kila mtu anaikimbia. Lakini ikifika kama sehemu 100 kwa milioni pua inapooza, unadhani imeisha, kumbe ndiyo imeanza kuua. Kaboni monoksidi ya jiko la mkaa haina harufu hata chembe. Kwa hiyo pua ni mlinzi anayesinzia. Wachimba makaa ya mawe Uingereza walishuka na ndege aina ya kanari mpaka 1986, ndege akizidiwa watu wanatoka mbio. KikuyuKusini, weka kuku mlangoni pa ofisi ya ardhi.

DalaliMstaafu
Aisee, mnaongea kama hakuna mahakama. Kielelezo namba moja ni chupa, sivyo? Ikifunguliwa mbele ya hakimu, mshtakiwa anasema "naomba niachiwe" na anaachiwa hapo hapo. Isipofunguliwa, wakili atasema ni maji ya Makutupora. Kesi imekwisha.

Na akishaimwaga, upepo wa huku unaujua. Utamkamata nani?

Nimeuza viwanja miaka mingi, naleta D. Achaneni na chupa, shikeni saini. Sheria iseme mkataba ulale. Ukisaini leo haufungi mtu mpaka arudi kesho asaini tena, nje, kwenye hewa wazi, bila muuzaji kuwepo. Harufu ni ya robo saa, usiku mmoja unaimaliza. Hata huku kwenye dunia isiyo na sandali jeusi ingetusaidia. Nimeona watu wakisaini vitu mchana wa jua kali bila kunusishwa chochote.

MamaChetezo
Na hela taslimu je? Haina saini hiyo.

DalaliMstaafu
Hiyo imeliwa, Mama.

MamaChetezo
Na mahari? Mjomba amekaa sebuleni, kumefukizwa, anakubali ng'ombe wawili badala ya kumi?

FundiGesi
Hahaha, na mahari nayo ilale.

KikuyuKusini
Asanteni sana. D nimeichukua kwa viwanja, sura nzima nitaiandika upya. A kwa maduka, na MamaChetezo atapata mhusika wake, mkali vile vile. C naibakiza kama sheria ya zamani iliyoshindwa, wazee wa mji bado wanaisifia.

Kuku nimempenda, ila ananisumbua. Kuku akivuta sandali jeusi, nitajuaje? Anakubali nini?

MzeeWaKondoa
Kuchinjwa.