Dickson ni "mtoto wa Dick"? Huyo Dick ni nani?

Kijana wa Makambako:
Wakuu, habari za jioni. Naitwa Dickson, jina la ubatizo. La ukoo ni la Kibena. Mdogo wangu ni Godwin, na binamu zangu ni Wilson na Jackson. Juzi kazini mgeni mmoja kutoka Uingereza kasikia naitwa Dickson, kacheka, eti kwao hilo ni jina la ukoo, mtu habatizwi hivyo. Naomba kueleweshwa: Dick ni nani, na hizi "son" zimetoka wapi?

Mwalimu Mstaafu:
Dick ni Richard. Walimkatisha akawa Rick, kisha kwa utani wakabadili herufi ya mbele: Dick, Hick. Ndiyo maana Dickson, Dixon na Hicks wote nyuma yao kuna Richard fulani. Robert naye akawa Rob, Hob, Dob. Humo mkatoka Robson, Hobson, Dobson. Wilson ni wa Will, yaani William. Jack ni John, kwa hiyo Jackson na Johnson ni kitu kimoja.

Utani ulizidi kwa sababu majina yaliadimika, na lawama nawapa Wanormani, watu wa Normandy, kaskazini mwa Ufaransa. Kabla ya 1066 Waingereza walikuwa na majina tele: Leofric, Wulfstan, Godwin, Alfred. William wa Normandy alipomshinda Mfalme Harold vitani pale Hastings mwaka huo, havikupita vizazi vingi hata wakulima wakawa wanawaita watoto kwa majina ya mabwana wapya. Kijiji kizima ni William, Robert na Richard. Utawatofautishaje? Huyu William wa mlimani (Hill), yule mhunzi (Smith), yule mwenye mikono ya nguvu (Armstrong), yule wa Dick. Kama mtaani kwetu tu: Juma Fundi, Juma Mrefu, Juma wa Mama Asha.

Mdogo wako ndiye mwenye jina la kale kuwazidi nyote. Harold mwenyewe aliitwa Godwinson kwa kuwa baba yake hasa aliitwa Godwin. "Son" ya wakati huo haikurithiwa, ilikufa na mwenyewe.

Kurithishana kulianza kwa wenye ardhi, kukashuka hadi kwa wakulima, na kufikia 1400 hivi Waingereza wengi walikuwa na jina la ukoo. Makarani walichangia. Kodi ya kichwa ilitozwa 1377, 1379, kisha ya tatu ambayo wananchi waliikataa kwa maasi ya 1381. Kiongozi wao aliitwa Wat Tyler: Wat ni Walter, Tyler ni fundi wa vigae. Karani wa kodi hawezi kuandika "Richard" mara nane akaondoka.

Ama huyo mgeni wako, Waingereza wenyewe wamebatiza watoto kwa majina ya koo za mabwana wao: Stanley, Percy, Sidney, Howard. Asicheke sana.

Kijana wa Makambako:
Mwalimu, huyo mgeni mwenyewe anaitwa Clifford 😂

Mwalimu Mstaafu:
Ukoo wa mabwana, na kabla ya hapo jina la mahali. Msalimie.

Binti Mwanaidi:
Shikamoo mwalimu. Kila mahali baba tu, mama zetu hawakuzaa?

Mwalimu Mstaafu:
Marahaba mwanangu. Wamo, ila wachache. Megson ni mwana wa Meg, ndiye Margaret. Marriott ni wa Mary. Halafu tazama Webster na Baxter, yaani mfumaji na mwoka mikate: kile kiishio "-ster" mwanzoni kilikuwa cha wanawake wa kazi hizo, baadaye kikavamiwa na wanaume.

Bia Baridi:
Na Walker? Yule wa kwenye chupa ya whisky anatembea kwenda wapi?

Mwalimu Mstaafu:
Haendi kokote, anakanyaga pale pale. Kitambaa cha sufu kikitoka kwa mfumaji kina mafuta na kimelegea. Kinatumbukizwa kwenye pipa la maji na mkojo uliochacha, mtu anapandisha nguo magotini, anaingia na kukikanyaga mpaka nyuzi zishikane. Kaskazini mtu huyo walimwita Walker, kusini-mashariki Fuller, kusini-magharibi Tucker. Kazi ile ile, mkojo ule ule. Kuanzia miaka ya 1100 vinu vya maji vikaanza kuwapokonya kazi, lakini jina lilishaganda. Sasa endelea kunywa.