Kwani snoRNA na gRNA za vimelea vya malale si kitu kimoja?

Mgeni_wa_RNA: Wakuu habari za muda huu, naomba kueleweshwa. Nasoma kuhusu Trypanosoma brucei, hivi vimelea vya malale, kichwa kimeanza kuuma. Kuna snoRNA (RNA ndogo za nukleoli) kuna gRNA (RNA elekezi), zote RNA ndogo, zote hazitengenezi protini, zote zinaongoza marekebisho ya RNA nyingine, sasa mi nikaandika kwenye notsi kuwa ni kitu kimoja majina mawili, jamaa ninayesoma nae kanicheka mpaka basi na hajaniambia kosa liko wapi.

Kiroboto: Hahaha hata mi ningecheka, samahani mkuu. gRNA ziko ndani ya mitokondria na zinabadili idadi ya herufi za RNA (A, C, G, U), yani mRNA, nakala inayobeba ujumbe wa kutengeneza protini, inatoka kwenye DNA ikiwa haisomeki, gRNA inajibandika inaonyesha hapa ongeza U hapa toa U. mRNA ya COIII, jini mojawapo ya mitokondria, peke yake inaongezewa U 547 na kutolewa 41!! Zaidi ya nusu ya ujumbe haumo kwenye jini yake. Mara ya kwanza ilionekana 1986, timu ya Rob Benne, ni U 4 tu zilizozidi kwenye mRNA ya coxII (jini nyingine ya mitokondria) na wakati huo haikujulikana zimetoka wapi, gRNA zenyewe zikaja kugunduliwa 1990.

snoRNA haziongezi wala hazipunguzi. Kazi yao kubwa ni rRNA (RNA inayojenga ribosomu, mashine ya kutengeneza protini), kule kwenye nukleoli (sehemu ndani ya kiini cha seli), herufi inabaki palepale ila inapambwa.

Mgeni_wa_RNA: inapambwaje? na anayekata ni hiyo RNA yenyewe au

BibiPipeti: Mwanangu RNA hapo haikati chochote, inanyoosha kidole tu. Kwa gRNA ipo mashine ya protini, kimeng'enya kimoja kinakata, kingine kinaweka au kunyofoa U, kingine kinaunga. snoRNA zina makundi mawili. Za C/D zinaiongoza fibrilarini (kimeng'enya) iweke methili (kikundi kidogo cha kemikali) kwenye sukari ya herufi, na hesabu yake haina ubabaishaji, shika kisanduku D (mfuatano mfupi maalumu kwenye snoRNA), rudi nyuma herufi 5, ile ya rRNA iliyoshikana na hiyo ya tano ndo inapata methili. Za H/ACA zinafanya kazi na Cbf5 (kimeng'enya kingine), inageuza U kuwa sudoyuridini, besi ileile inabanduliwa kwenye sukari, inazungushwa, inashikizwa upya. Sasa hawa tripanosoma H/ACA zao zina pini (RNA iliyojikunja kama pini ya nywele) moja tu wakati za binadamu kwa kawaida ni mbili, halafu mwishoni wana herufi AGA badala ya ACA. Nilishawahi kutafuta ACA kwenye kompyuta wiki nzima nikaokota takataka.

Mgeni_wa_RNA: Pole bibi 😂 sasa mapambo yote hayo ya nini

Kiroboto: Ribosomu yao ngumu kuijenga mkuu, rRNA kubwa ambayo kwetu ni kipande kimoja kwao imekatika vipande 6. Halafu mdudu anatoka kwa mbung'o anaingia kwenye damu yenye nyuzi 37, joto limepanda ghafla, na kweli kuna sehemu za rRNA ambazo sudoyuridini inaongezeka akiwa kwenye damu, inadhaniwa inasaidia ribosomu isilegee.

BibiPipeti: Ila usije ukaandika snoRNA ni za rRNA tu. Ipo snoRNA iitwayo SLA1, inaongoza sudoyuridini kwenye SL RNA, ile inayotoa kipande cha herufi 39 kinachoungwa mwanzoni mwa kila mRNA ya kiini.

Mgeni_wa_RNA: Nimefuta notsi zote naanza upya. Huyo jamaa kesho namuuliza ya AGA nimuone.