Blanchard na filamu: kaipoteza jazi au kaipeleka mbali?

Wakuu, juzi nimebishana na jamaa mpaka chai ikapoa. Yeye anasema mpiga jazi akishaanza kutungia filamu ndo kwisha habari yake, anakuwa fundi cherehani anayeshona kwa kipimo cha mteja. Mfano wake Terence Blanchard, yule wa tarumbeta wa New Orleans, miaka ya 80 yuko Jazz Messengers, bendi ya mpiga dramu Art Blakey, kashika nafasi aliyoiacha Wynton Marsalis, naye wa tarumbeta, halafu 1991 mwongozaji Spike Lee anampa filamu yake Jungle Fever aitungie muziki na toka hapo ni filamu juu ya filamu. Mi napinga. Miles Davis mwenyewe, gwiji wa tarumbeta ya jazi, Desemba 1957 aliingia studio Paris usiku, vipande vya filamu ya mwongozaji Louis Malle vinapita kwenye skrini, yeye na wenzake wanavitazama na kupiga palepale, kutoka kichwani. Kama hiyo si jazi basi sijui jazi ni nini.

— Mkuu unachanganya. Miles kapiga usiku mmoja akasepa. Blanchard ana okestra, kila noti imeandikwa, sekunde zimehesabiwa, mtu akifunga mlango muziki unyamaze. Uhuru uko wapi hapo? Hela sawa, kodi ya nyumba hailipwi kwa solo, zile za kupiga peke yako unavyojisikia, ila tusiiite jazi. Na tuzo ya Oscar ya muziki wa filamu kateuliwa mara mbili kakosa zote, ya pili ikaenda kwa filamu ya Soul, ambayo kati ya watunzi wake yumo Jon Batiste, mjazi mwenzake wa hukohuko Louisiana, hahaha.

— Hapo kwenye uhuru nakupa nusu. Ila kaangalie When the Levees Broke ya 2006, ile filamu ya Spike Lee ya matukio halisi, ya mafuriko ya kimbunga Katrina kule New Orleans. Blanchard hajatunga tu, yumo kwenye picha, anamrudisha mama yake kwenye nyumba yake, mama anaingia, anaona vitu vyake vilivyoharibika, analia, mwanae kamshika. Muziki huo akautoa kwenye filamu akaufanyia upya na bendi yake na okestra, albamu 2007, ikabeba Grammy, tena ya jazi, sio ya filamu. Sasa niambie kuandikia okestra vile angejifunzia wapi, klabu? Na 2021 opera yake, yaani igizo la kuimbwa na okestra, ikafungua msimu Metropolitan Opera New York, ya kwanza ya mtunzi mweusi toka jumba lile lianze 1883.

— Opera tena? Si ndo nilichosema, tarumbeta kaiweka wapi?