Naomba ushauri: mama anatumia wafarini, mnafu aache kabisa?

Habari zenu wakubwa. Niko Moshi, namuuguza mama mzazi, miaka 63. Mwezi wa kwanza mguu wa kushoto ulivimba, ikaonekana damu imeganda kwenye mshipa. Akaanzishiwa wafarini, dawa ya kuzuia damu isigande, miligramu 5 kila jioni. INR yake (kipimo cha jinsi damu inavyochelewa kuganda) inatakiwa iwe kati ya 2 na 3. Ilikaa 2.4 vizuri tu, wiki iliyopita ikashuka 1.6.

Daktari akauliza chakula. Kumbe tangu mvua zianze mama anakula mnafu kila siku, bakuli zima, na uchungu wake wote! Tukaambiwa vitamini K ya mboga za majani inapunguza nguvu ya dawa. Tumepunguza, ila kumnyima Mchaga mnafu ni ugomvi.

Jirani wa Kiboriloni anasema tuongeze aspirini. Ninavyoelewa, aspirini inazuia chembe sahani zisishikamane, wafarini inabana utengenezaji wa protini za kugandisha damu, hivyo zikikutana anaweza kuvuja damu ovyo. Sijampa.

Mliouguza mgonjwa wa wafarini: mboga mliacha kabisa, au mlimpa kiasi kilekile kila siku? Na magoti yakimuuma, diklofenaki tumekatazwa, nimuulize daktari dawa gani? Kliniki ni Alhamisi.