Kesi ya kiwanja ikiwa mahakamani, ibada nayo isimame?

MLETA MADA (Moshi)
Wanajamvi, tulipompeleka mama mdogo kanisani kwa ibada ya mwisho, tulikuta langoni mnyororo mmoja na kufuli mbili. Kila upande wa mgogoro umetia lake. Kesi ya umiliki iko mahakamani, na kila mmoja anaogopa kwamba mwenzake akishaingia, atasema kanisa ni lake. Jeneza tukaliweka nje ya uzio, juu ya mabenchi mawili ya kuazima kwa mama ntilie, manyunyu yakianza. Binamu yangu akavua koti kufunika shada. Marehemu alichangia bati za paa lile tulilokuwa tunalitazama kwa nje.

Nasema hivi: nani mwenye hati ni swali moja, nani aabudu humo ni swali jingine. Kwetu hati huwa kwa bodi ya wadhamini iliyosajiliwa RITA, wakala wa serikali wa usajili na udhamini, si kwa mchungaji wala mzee wa kanisa. Katiba, ibara ya 19, inasema kufanya ibada ni huru. Basi mahakama izuie kuuza, kujenga na kubomoa, lakini ibada, ndoa na misiba viendelee kwa zamu hadi hukumu. Mnaonaje?

MCHANGIAJI (Usa River)
Pole kwa msiba, mkuu, lakini sikubaliani nawe. Huku Meru tulishuhudia mwanzoni mwa miaka ya 1990, waumini walipodai dayosisi yao kutoka Dayosisi ya Kaskazini ya KKKT, kanisa la Kilutheri. Nyumba zilichomwa. Uwape watu wa namna hiyo zamu za Jumapili, asubuhi hawa, mchana wale, nani atatoka saa yake ikiisha?

Halafu ibada ndiyo mlango wa umiliki. Tazama Ayodhya, India. Usiku mmoja wa Desemba 1949 sanamu za Ram, mungu wa Wahindu, ziliingizwa katika msikiti wa Babri, mahali ambapo Wahindu wanaamini alizaliwa. Mwaka 1950 kesi ya kwanza iliomba ruhusa ya kuabudu tu. Mwaka 1959 watawa wa Kihindu wakadai usimamizi. Mwaka 1989 ikafunguliwa kesi kwa jina la mungu mwenyewe, maana sheria ya kule inamtambua kama mtu anayeweza kumiliki. Msikiti ukabomolewa 6 Desemba 1992, na 9 Novemba 2019 Mahakama ya Juu ikatoa kiwanja kwa ajili ya hekalu. Walianza kwa kuomba kusali, mkuu.

MLETA MADA
Ndugu yangu, mfano huo naupokea, ila usome wote. Tangu Desemba ile ya 1949 Waislamu hawakuswali tena mle. Lango lilifungwa, lakini makuhani waliruhusiwa kuzihudumia sanamu, na mwaka 1986 mahakama ya wilaya ikaamuru kufuli zifunguliwe kwa ajili ya Wahindu. Kufuli lilikuwa la upande mmoja! Mahakama ya Juu yenyewe ilisema kuingiza sanamu na kubomoa vilikuwa kinyume cha sheria, ikaagiza Waislamu wapewe ekari 5 kwingine. Mimi naomba wote waingie, na amri ya hakimu iandike waziwazi kwamba kusali humo hakutahesabiwa ushahidi wa umiliki. Na asiyetoka saa yake ikiisha, apoteze zamu.

MCHANGIAJI (Kaloleni, Arusha)
Mnazunguka. Swali ni sadaka. Nani anaihesabu, inakwenda akaunti gani, nani analipa Luku ya umeme? Mkilijibu hilo, kufuli zitafunguka zenyewe.

MLETA MADA
Hapo umenigusa, dada. Siku ile ya msiba sadaka tuliikusanya kwenye beseni la plastiki, pale nje. Ilipokwisha kuhesabiwa, wazee wa pande zote mbili walikuwa wamesimama palepale na hakuna aliyethubutu kunyoosha mkono. Beseni tulirudi nalo kihambani, likalala chumbani kwa marehemu.