Mungu wa kike kwenye akiki: mbona mikono imebadilishana?

MchongajiKibuye: Wadau, nataka kuiga pete ya Kirumi yenye jiwe la akiki hapa Kisumu. Picha ya jiwe inaonyesha Fortuna, mungu wa kike wa bahati wa Warumi, usukani wa meli mkono wa kushoto, pembe ya matunda upande wa kulia. Maelezo yanasema kinyume. Nani kakosea? Na nitumie patasi zangu za mawe ya Kisii?

Lakiri: Hakuna aliyekosea. Huo ni muhuri, na picha yenyewe ni ile inayobaki kwenye nta, ikiwa imegeuka; maelezo huifuata hiyo. Chora Fortuna wako kwenye karatasi inayopenya mwanga, igeuze, ndipo uhamishie kwenye jiwe. Herufi nazo zigeuze. Kila baada ya mikato michache gandamiza udongo laini uone umefika wapi. Shimo hudanganya macho, pua huonekana bapa kumbe imeshazidi.

AkikiNakuru: Patasi sahau! Jiwe la Kisii hukwanguka kwa kisu, akiki ina ugumu wa karibu 7 kwenye kipimo cha Mohs cha 1 hadi 10, itabanduka vipande. Wagiriki na Warumi walizungusha ncha ya chuma kwa uta, lakini kilichokata ni unga wa emeri, jiwe gumu la kusugulia, kutoka kisiwa cha Naxos huko Ugiriki, uliochanganywa na mafuta. Ncha ya mviringo kwa mashavu na misuli, kisahani chembamba kwa nywele na mikunjo ya nguo. Unga ukikauka, jiwe hupata joto na kupasuka.

MchongajiKibuye: Na pete za bei rahisi?

Lakiri: Hizo mara nyingi ni kioo kilichomiminwa, hata Warumi walizitengeneza. Tazama kwa lenzi: viputo vya duara, kingo butu.